Yuan Muzhi anastahili zaidi ya mstari mmoja

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua nizungumzie makala kuhusu sinema ya kale ya China iliyochapishwa hivi karibuni katika kurasa zako za utamaduni. Makala ile ilikuwa na mengi mazuri, na kubwa kuliko yote ni kwamba iliwakumbusha wasomaji kuwa Shanghai ilikuwa na studio, nyota na majarida ya filamu miongo mingi kabla ya filamu za mapigano za Hong Kong kuenea duniani. Lakini ilipofika kwa Yuan Muzhi ilimpa mstari mmoja tu, ikamtaja kuwa mwongozaji wa filamu ya Malu Tianshi ya mwaka 1937, kisha ikawageukia wengine. Mstari ule hauna kosa la jina wala la tarehe. Ninachokilalamikia ni kwamba umeliacha nje jambo linalomfanya Yuan Muzhi awe wa pekee: alikuwa mwigizaji kabla ya kuwa kitu kingine chochote, na filamu mbili alizoziongoza haziwezi kueleweka sawasawa mpaka kwanza tujue aliigiza vipi.

Yuan Muzhi alizaliwa mwaka 1909 Ningbo, mji wa bandari katika jimbo la Zhejiang, na akiwa bado kijana sana alijitosa katika tamthilia mjini Shanghai. Tamthilia iliyomvutia haikuwa ile opera ya jadi yenye kuimbwa, ambayo Wachina walikuwa wameilea kwa karne nyingi, bali mchezo wa mazungumzo uliokuwa bado mgeni nchini mwao, ambao wapenzi wake wengi walikuwa wanafunzi na vijana wasomi wasiolipwa kitu. Aliigiza katika Mjomba Vanya ya Chekhov, akaigiza wazee na vijana, walevi na waungwana, akajitengenezea sura mpya kwa kila mchezo hata watazamaji wakampachika jina la mtu wa sura elfu moja. Ufundi wa kupamba uso wa mwigizaji aliuchukulia kuwa elimu kamili, akauandikia. Naliweka jambo hili mbele kwa makusudi, kwa maana mtu aliyezoea kujiuliza namna mkunjo mmoja wa kipaji cha uso unavyobadilisha umri wa mhusika ndiye baadaye aliyekuja kukaa nyuma ya kamera.

Aliingia katika filamu mwaka 1934 kupitia kampuni ndogo ya Diantong. Kampuni hiyo ilianzishwa na wahandisi waliokuwa wameunda mtambo wao wa kurekodi sauti za filamu, wakati ambapo filamu nyingi za China zilikuwa bado bubu kwa sababu mitambo ya kigeni ilikuwa ghali na kumbi nyingi hazikuwa na vifaa vya kuchezea sauti. Diantong iliishi kwa muda mfupi na ikatoa filamu nne tu. Ya kwanza, Taoli Jie, aliiongoza Ying Yunwei, lakini mswada ulikuwa wa Yuan Muzhi na nafasi kuu aliichukua yeye mwenyewe akiwa na Chen Bo'er, ambaye miaka mingi baadaye alikuja kuwa mke wake. Mara nyingi filamu hiyo hutajwa kuwa ya kwanza nchini China kuifanya sauti iwe sehemu ya usimulizi wenyewe.

Ningependa makala yenu ingekaa kidogo hapo. Taoli Jie inasimulia habari za kijana na msichana wanaohitimu shule wakiwa wamejaa matumaini, wakiimba pamoja na wenzao wimbo wa mahafali unaowataka wahitimu waibebe hatima ya nchi yao. Wanaoana, naye kijana anapata kazi katika kampuni ya meli. Anapogundua kwamba mwajiri wake anaweka faida mbele ya usalama wa watu anakataa kushiriki, na kazi inakwisha. Mkewe naye anatafuta kazi, lakini bosi wake anamwandama kwa nia mbaya, na kazi hiyo nayo inakwisha. Ufukara unawazunguka mpaka mke anaanguka kwenye ngazi akiwa amebeba maji na kufa, na mume aliyeiba pesa ili amlipie daktari anaishia kwenye hukumu ya kifo. Mkuu wa shule yake ya zamani ndiye anayemtembelea gerezani na kuisikia habari yote.

Kwa muhtasari, kisa hiki kinaweza kuonekana cha kutafuta machozi, na mwongozaji mwingine angekifanya hivyo. Kinachokiokoa ni uso wa Yuan Muzhi. Tazama jinsi anavyozeeka hatua kwa hatua, pasipo kuruka hata ngazi moja: mabega ya mhitimu yaliyonyooka yanaanza kulegea kabla hata njaa haijaingia nyumbani, sauti iliyokuwa ya kujibu papo hapo inaanza kuchelewa, na mfungwa tunayemwona gerezani ana macho ya mtu aliyeacha kutazama mbali. Ndevu na uchafu wa gereza ni kazi ya mpambaji, lakini hayo mengine yote ni kazi ya mwigizaji. Inafaa kukumbuka kwamba mtu huyo alikuwa na miaka ishirini na mitano tu, na kwamba hii ilikuwa filamu yake ya kwanza.

Mwaka uliofuata aliigiza katika Fengyun Ernü, iliyoongozwa na Xu Xingzhi, akiwa mshairi anayejificha katika mapenzi na starehe wakati rafiki yake anakwenda kupigana na Wajapani, mpaka kifo cha rafiki huyo kinapomwamsha. Filamu hiyo inajulikana zaidi kwa wimbo wake, Machi ya Wanaojitolea, uliotungwa na Nie Er kwa maneno ya Tian Han. Nie Er alifariki kwa maji nchini Japani mwezi Julai mwaka huohuo wa 1935, akiwa na umri wa miaka 23, na mwaka 1949 wimbo wake ulifanywa wimbo wa taifa wa China. Wasichokijua wengi ni kwamba katika santuri ya kwanza ya wimbo huo, iliyorekodiwa Shanghai mwaka 1935, waimbaji walioongoza walikuwa waigizaji wawili wa Diantong, Gu Menghe na Yuan Muzhi. Hawakuwa waimbaji wa taaluma, na kwa masikio yangu hilo ndilo linaloipa rekodi ile nguvu yake. Zinasikika sauti za watu wanaoigiza wito, wanaotaka kuitikiwa.

Mwaka huohuo Diantong ilimkabidhi uongozaji, naye akatoa Dushi Fengguang, yaani Mandhari ya Jiji. Kisa kinaanzia kituo cha reli, ambako wanakijiji wanaosubiri treni ya Shanghai wanachungulia ndani ya sanduku la picha, na yale wanayoyaona ndani yake ndiyo filamu yenyewe: binti wa mwenye duka la rehani, kijana mwandishi asiye na senti, tajiri anayemposa binti huyo, na madeni yanayozunguka kutoka mkono mmoja hadi mwingine. Mwenye sanduku, anayewaita watu kwa wimbo waje kutazama, ni Yuan Muzhi mwenyewe. Kwa hiyo mara ya kwanza alipoongoza filamu alijipa nafasi ya mtu anayewaonyesha wengine mambo, akasimama mbele ya macho yetu na chombo chake mkononi. Muziki ulishirikisha watunzi mashuhuri kama Huang Zi, He Luting na Zhao Yuanren, na mara nyingi mwendo wa waigizaji umepimwa ili ulingane na mapigo ya ala. Ndani yake mna hata kipande kifupi cha katuni kilichotengenezwa na ndugu wa ukoo wa Wan, waasisi wa katuni za China. Siiweki filamu hii katika daraja la ile iliyofuata, kwa kuwa dhihaka yake wakati mwingine inawageuza wahusika kuwa vikaragosi, lakini bila majaribio yake ya sauti na mwendo ile ya pili isingewezekana.

Sasa nifike kwenye Malu Tianshi, Malaika wa Barabarani, aliyoiandika na kuiongoza chini ya kampuni ya Mingxing baada ya Diantong kufungwa. Filamu inaanza kwa taa za neoni na majumba marefu ya Shanghai, kisha kamera inashuka kwenye ukuta wa ghorofa, inashuka, na haikomi inapofika barabarani bali inaendelea kwenda chini ya ardhi, na hapo maandishi yanatuambia kwamba tumefika katika tabaka la chini la jiji, msimu wa vuli wa mwaka 1935. Huko chini wanaishi mpiga tarumbeta wa bendi ya mitaani, rafiki yake muuza magazeti, kinyozi na wenzao wengine, na ng'ambo ya kichochoro wanaishi dada wawili waliokimbia vita vya kaskazini mashariki. Mdogo, Xiao Hong, anaimbishwa katika vilabu vya pombe; mkubwa, Xiao Yun, amelazimishwa kuuza mwili wake.

Nafasi ya Xiao Hong alipewa Zhou Xuan, mwimbaji ambaye hakuwa bado na miaka ishirini, na ya mpiga tarumbeta alipewa Zhao Dan. Tunajua majina haya mawili yalikuja kuwa makubwa kiasi gani, lakini ni rahisi kusahau kwamba Yuan Muzhi angeweza kuichukua nafasi ya Zhao Dan yeye mwenyewe. Ilikuwa ya kumfaa, na umri wake ulikuwa bado unaruhusu. Aliiacha, na ninaamini aliiacha kwa sababu alijua tofauti baina ya mwigizaji anayejibadili sura na mwigizaji ambaye haiba yake mwenyewe ndiyo mhusika. Mpiga tarumbeta yule alihitaji aina hii ya pili.

Chukua yale matukio ya madirishani. Mpiga tarumbeta yuko kwenye dirisha lake, Xiao Hong yuko kwenye lake, kichochoro kiko katikati. Hawaelezani mapenzi hata mara moja. Mpiga tarumbeta anafanya mazingaombwe ya kitoto ili Xiao Hong acheke, kisha anapiga ala naye msichana anaimba. Wimbo ni wa msichana anayezunguka pembe za dunia akitafuta mwenye kumwelewa moyo, na Xiao Hong anauimba akizichezea nywele zake kwa furaha ya mtu aliyekwisha kumpata. Baadaye, mpiga tarumbeta anapodhani kwamba msichana amenunuliwa kwa zawadi ya tajiri, anaingia kilabuni amelewa, anatupa pesa na kumwamuru aimbe kama anavyowaimbia wateja wengine. Anaimba wimbo uleule, maneno yaleyale, na mara hii hautambuliki. Hapana hotuba kabla wala baada yake. Mwongozaji ametuonyesha mapenzi yakivunjika kwa kumtaka mwigizaji wake aimbe jambo moja mara mbili, na mtu anayewaza hivyo ni mtu aliyepitisha ujana wake jukwaani akipima namna sentensi ileile inavyoweza kusemwa kwa maana mbili zinazopingana.

Mkono huohuo unaonekana pale alipolazimika kusema kwa mafumbo. Wakaguzi wa serikali ya Guomindang, chama kilichotawala China wakati huo, hawakuwa wakiruhusu filamu ziishutumu Japani waziwazi. Yuan Muzhi alizibandika kuta za chumba cha muuza magazeti kwa magazeti ya zamani, na wakati marafiki wanapoapa kusaidiana katika shida na kugundua kwamba hakuna anayejua kuandika neno hilo, wanalipata ukutani, katika kichwa cha habari kinachozungumzia shida ya taifa. Kadhalika wimbo wa misimu minne anaouimba Xiao Hong unaambatana na picha za nyumba zinazoungua na watu wanaokimbia, bila adui kutajwa kwa jina. Mtazamaji wa mwaka 1937 hakuhitaji kuelezwa zaidi.

Na pale marafiki wanapopanda hadi ofisi ya wakili, juu kabisa kwenye ghorofa, kutafuta msaada wa sheria ili kumwokoa Xiao Hong asiuzwe kwa tajiri, hawatukanwi na mtu. Wanatajiwa ada tu, kisha wanashuka kama walivyopanda. Wala Xiao Yun anapochomwa kisu, daktari haji, kwa kuwa hapana pesa za kumleta. Zhao Huishen, aliyeigiza nafasi hiyo, hana maneno mengi katika filamu nzima. Karibu kila kitu anakisema kwa namna anavyosimama kwenye kona za giza na namna anavyovuta sigara. Kwangu mimi yeye ndiye moyo wa Malu Tianshi, zaidi hata ya Zhou Xuan, nami nasikitika kwamba makala yenu haikumtaja kabisa.

Filamu hiyo ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Julai 1937, mwezi uleule vita kamili baina ya China na Japani vilipoanza, na katika mwezi uliofuata mapigano yalifika Shanghai yenyewe. Mwaka 1938 Yuan Muzhi aliigiza tena, akiwa kamanda Xie Jinyuan katika filamu kuhusu kikosi cha Wachina kilicholinda ghala la Sihang mjini Shanghai dhidi ya Wajapani, kisha akaelekea Yan'an, makao ya Wakomunisti. Mwongozaji Mholanzi Joris Ivens, aliyekuwa China akipiga filamu ya vita, aliwaachia kamera yake ya mkono pamoja na mikanda, na kwa vifaa hivyo kikundi cha filamu cha Yan'an kikaanza kupiga filamu ya kumbukumbu vuli ya mwaka 1938 kwenye kaburi la Mfalme wa Njano, babu wa Wachina katika masimulizi yao ya kale. Mwaka 1940 Yuan Muzhi alitumwa Umoja wa Kisovyeti, akifuatana na mtunzi wa muziki Xian Xinghai, ili filamu hiyo ya kumbukumbu ikamilishwe katika maabara za huko. Ujerumani ikavamia mwaka 1941, sehemu kubwa ya mikanda ikapotea katika vurumai ya vita, na Xian Xinghai akafia Moscow mwaka 1945. Yuan Muzhi alirejea China mwaka 1946 bila filamu aliyoipeleka.

Aliporudi alikabidhiwa kazi ambayo haikuwa ya jukwaa wala ya kamera. Vifaa vya studio ambayo Wajapani walikuwa wameijenga Changchun vilihamishwa kaskazini hadi mji wa machimbo wa Xingshan, na hapo, tarehe 1 Oktoba 1946, ikazaliwa Studio ya Filamu ya Kaskazini Mashariki, ambayo yeye alikuja kuiongoza. Baadhi ya mafundi wa Kijapani walibaki na kuwafundisha Wachina uhariri, upigaji picha na katuni. Chen Bo'er alikuwa naye, akiongoza kazi za uandishi na kutengeneza mwaka 1947 filamu ya vikaragosi. Studio hiyo ndiyo iliyotoa Qiao mwaka 1949, inayohesabiwa kuwa filamu ya kwanza ya kisa ya China mpya, yaani ya Wakomunisti, na mwaka huohuo Yuan Muzhi akawa mkuu wa kwanza wa idara ya filamu ya taifa. Chen Bo'er alifariki mwaka 1951. Miaka michache baadaye Yuan Muzhi aliacha madaraka kwa sababu ya afya yake, naye akafariki mwaka 1978 bila kuongoza tena filamu ya kisa.

Wapo wanaosema kwamba ofisi ilimmeza msanii, na wapo wanaosema kwamba kujenga studio kulikuwa na faida kubwa kuliko filamu yoyote ambayo angeitengeneza. Siwezi kuukubali upande wa pili, ingawa naiheshimu kazi ile. Watu wa kuendesha idara wangepatikana, lakini mtu wa kumfundisha Zhao Dan kunyamaza na Zhou Xuan kuimba kwa uchungu bila chozi alikuwa mmoja. Aliongoza filamu mbili kabla ya kutimiza miaka thelathini, na ya pili inatajwa mpaka leo kila wataalamu wanapochagua filamu bora za Kichina za wakati wote. Mtu aliyepiga hatua kubwa namna ile kati ya filamu ya kwanza na ya pili alikuwa na ya tatu ndani yake, na kutoipata ni hasara ninayoihesabu kila ninapoitazama Malu Tianshi.

Wenzake nao hawakuwa na mwisho mwema. Zhou Xuan alifariki mwaka 1957 baada ya miaka ya maradhi ya akili. Wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni, kampeni za kisiasa za miaka ya 1966 hadi 1976, filamu za Shanghai za miaka ya 1930 zilishutumiwa kuwa sumu. Zhao Dan alifungwa miaka mitano, na Zhao Huishen alijiua mwaka 1967. Inauma zaidi kukumbuka kwamba Jiang Qing, mke wa Mao Zedong na mmoja wa vinara wa kampeni hizo, aliwahi kuwa mwigizaji mdogo kwa jina la Lan Ping, na kwamba alionekana katika Dushi Fengguang iliyoongozwa na Yuan Muzhi.

Ninachokuomba, Ndugu Mhariri, ni kwamba kama mfululizo huu utaendelea, mwandishi wenu ampe Yuan Muzhi makala yake mwenyewe, na aianzie na Taoli Jie badala ya Malu Tianshi, ili msomaji amwone kwanza mbele ya kamera. Filamu zote mbili zimehifadhiwa na zinapatikana kwa mwenye kuzitafuta. Pia naomba majina ya waigizaji yachapwe pamoja na la mwongozaji, na la Zhao Huishen lisikosekane.

Msomaji wako,
Mpenzi wa sinema za kale